Ninga Aliyekohoa

Toronto, Novemba 1996

Mdogo wangu Hamadi,

Salamu nakupa kwa sababu mama alitulea hivyo, si kwa sababu moyo unataka. Sisi wazima. Miguu ya mama inaendeleaje? Hilo nijibu kwa ukweli, kama bado unaujua.

Kanda yako imefika. Nilikuomba jambo moja tu: ukae alfajiri chini ya mkuyu wangu, uwarekodi ninga wetu, wale njiwa wa kijani. Mwanangu Rukia aliambiwa shuleni apeleke kitu cha kwao. Akawaeleza wenzake kuwa ndege huyu haonekani popote duniani ila Pemba, na kwamba mama yake ana mti wanakokuja kula. Nami nikaomba ruhusa kazini, nikajitanda kanga mpya juu ya koti, nikapanda basi hadi shuleni.

Kanda ikawekwa, ninga akaimba vizuri. Halafu akakohoa.

Watoto wakacheka. Mara ikasikika sauti ya mkeo: "Hamadi, hebu acha miluzi yako, tanuri linazimika!" Rukia, ambaye nikimsemesha Kiswahili hunijibu Kiingereza, siku hiyo alielewa kila neno. Akaenda kukaa bila kuniangalia.

Nikajiuliza, mtu mwenye ninga juu ya kichwa anapiga miluzi ya nini? Nikampigia mama simu kwa jirani.

"Mkuyu haupo, mwanangu," akasema. "Hamadi kaukata, kauchomea chokaa ya kujengea nyumba yake. Kaniambia nisikwambie."

Huna haya, Hamadi! Baba alipotugawia mali yake, ninyi wanaume mlichukua mikarafuu. Mimi nikaomba mkuyu kwa ajili ya ninga, mkanicheka mpaka mkashika mbavu. Baba akasema mbele yako, mti ule ni wa Zuhura. Sikuwa na kitu kingine Pemba cha kuita changu. Miaka sita nafua mashuka ya wazee wa watu kwenye baridi hii, nikijiambia nina pangu pa kurudi. Na ninga sasa wanakula wapi? Ulifikiria hata hilo?

Msalimie mama, mwambie sikumkasirikia. Wifi mwambie namshukuru kwa kelele zake. Mjomba anayesomesha Kurani chuoni, aliyekuwa shahidi wa baba siku ya kugawa, nimemwandikia barua yake.

Samahani yako sitaki. Nakuja mwezi wa saba. Mti wangu umo kutani mwako, basi chumba cha mbele ni changu. Hamisha kitanda chako.

Dada yako,
Zuhura