Muto wa Pande Tatu

Muzee Paluku,

Ni mimi. Usijifanye haunijui. Ni Bahati, yule uliyemuita Profesa kwa sababu aliacha shule mwaka wa pili wa sekondari na bado alikuwa anajibu kila kitu kabla ya kuulizwa.

Kwanza habari za kazi, maana najua ndiyo utaanza nayo. Kiti chako nakikalia mimi. Ule musumari wenye ulikuwa unakufinya, sasa unanifinya mimi. Nyundo ndogo nimeibadilisha mupini. Na nisikufiche: nashona kukupita. Mama Furaha wa mandazi, jirani yetu wa hapa Birere, anasema viatu nilivyoshona mimi havirudi, vyako vilikuwa vinarudi. Anaongeza eti vilirudi sababu watu walipenda kuongea na wewe, lakini hiyo sehemu mimi huwa siisikii.

Uwanja wa ndege wa Goma ungali umefungwa. Wageni wanaingia kwa muguu, kupitia bariyeri ya mupaka wa Gisenyi, na muguu ni kiatu, na kiatu ni mimi. Wale wakimbizi wa kambi ya Mugunga wenye walikuwa wanatuletea sandali za plastiki waliondoka. Sijui wanazishonea wapi sasa.

Kuna habari nyingine, kubwa. Hiyo nitaileta polepole, kama wewe ulivyokuwa unanileta ku mulango wa Toledo.

Unakumbuka ile Jumapili ya kwanza? Tumetoka misa, unaniona nimekaa bure, unasema: "Profesa, vaa viatu vizuri. Leo nakutembeza Toledo." Nilifikiri ni baa mupya. Nikaazima hata shati.

Kumbe ni muji wa Hispania. Ulisema mapadri wa Butembo walikutuma huko ungali kijana, ukasomee upadri. Upadri ukakushinda, ukabaki huko miaka mingi, unafungua milango ya makanisa na kutembeza wageni. Ukarudi na sanduku moja na viatu jozi moja. Muji wenyewe uliuleta mu kichwa. Na sababu haukuwa na muji mwingine wa kunionyesha, ulinionyesha Toledo hapa hapa, mu vichochoro vya Birere, juu ya mawe yetu meusi.

Mulango mukubwa ulikuwa kati ya duka la dawa na kibanda cha simu. "Kofia mukononi, Profesa! Hapa hata wafalme walishuka ku farasi. Angalia juu, tai wa vichwa viwili." Nikaangalia juu. Nikaona kamba, na kikwembe cha mutu kinakauka. Nikakuambia tai wako amelowa. Haukucheka. Ukiongoza wageni ulikuwa haucheki, ulikuwa unanyoosha mugongo na kikohozi chako chote kinanyamaza.

Halafu uwanja wa Zokodovea, pale kwetu wanapofungia mbuzi. Ulisema hata kule zamani walikuwa wanauza wanyama, na lile jina ndani yake muna soko, neno hili hili letu, Waarabu walilipeleka huku na kule. Halafu vichochoro vyembamba mupaka majirani wanaweza kupeana chumvi ku dirisha. Hapo nilikuamini kabisa, sababu nilikuwa naviona. Halafu masera, wale watawa wa kujifungia, wenye wanatengeneza keki za lozi na wanakuuzia bila kuwaona: unaweka pesa ku kisanduku cha mbao, kinazunguka, keki inatoka. Hapo tulikuwa tunasimama mbele ya nondo za dirisha la Mama Furaha, na yeye anapiga kelele ndani: "Nyinyi wawili, munanunua ao munasali?"

Na siku ya Ekaristi! Ulisema wanatandaza majani barabarani, muji wote unanukia, ukitembea unakanyaga harufu. Ukavunja tawi la mukaratusi na kunitupia majani mbele. Nikatembea kama askofu. Watoto wakatufuata, nikawabariki.

Mwisho ilikuwa kanisa kubwa. Yetu ilikuwa zile kuta za zamani zenye lava ilikula. "Mu munara kuna kengele nzito kuliko gari, na imepasuka." Nikakuuliza kwa nini hawakuita fundi. Ukasema: "Ungekuwepo wewe, ungeishona na uzi."

Miaka mbili, Muzee. Karibu kila Jumapili. Ziara ya mutu mumoja, mugeni ni mimi peke yangu. Niliijua kama Baba Yetu.

Sasa niandike ile siku. Nimezunguka sana nisiifikie, umeona.

Unajua kitu chenye kilikuwa kinanichoma kama musumari ndani ya kiatu? Muto. Ukitoka ku kanisa Jumapili moja, unageukia huku, unasema: "Na hapa tunashuka mupaka ku muto." Jumapili nyingine unageukia upande mwingine kabisa: "Na hapa tunashuka mupaka ku muto." Ya tatu tena, njia nyingine, muto ule ule. Mimi ni mutoto wa Goma. Sisi maji tunajua yako wapi hata tukifungwa macho. Volkano huku, ziwa kule. Ukishuka unafika ku ziwa, ukigeuka unapanda ku mulima, imeisha. Hata njia tunaonyeshana hivyo, nani huku anasema mashariki?

Siku ile benchi ya wateja wetu ilikuwa imejaa. Mama Furaha alikuwepo, na shemeji yake, na Jado wa pikipiki na wenzake. Ulikuwa unawaelezea Toledo na walikuwa wanakusikiliza vizuri, kuliko walivyowahi kunisikiliza mimi. Nafikiri hiyo ndiyo iliniuma. Nikasimama.

"Muzee, muto wako una miguu? Kila njia unashuka uko pale. Maji yanakufuata kama mbwa?"

Jado akapiga paja. Watu wakacheka. Mimi mutu akicheka siwezi kunyamaza, unanijua, nikaongeza:

"Haujafika Toledo hata siku moja. Ulisoma mu kitabu, na kitabu chenyewe ulikishika juu chini!"

Wewe ulikuwa na kiatu cha mutoto wa shule mukononi. Ukakiweka chini taratibu, kama kitu chenye kinaweza kuvunjika. "Basi, Profesa," ulisema. "Ziara imekwisha."

Jumapili yenye ilifuata nilivaa viatu vizuri. Nilisimama kati ya duka la dawa na kibanda cha simu, kofia mukononi, najifanya nangoja mutu. Ulipita njia ya juu, ukaenda nyumbani. Na watu wakaanza kukuita Muzee Toledo, vijana wa pikipiki wakikuona wanauliza: "Muto uko upande gani leo?" Hilo nilianzisha mimi. Haukuwahi kuwajibu.

Halafu kifua. Ulipolala nilikuja kwako, ile njia ya Munigi, na matunda ya marakuja mu mufuko. Njiani nilikuwa nimepanga maneno, yalikuwa mazuri, mengine ya Kifaransa. Nikafika nikakuongelea mupira. Ukauliza: "Ile gundi mupya inashika?" Nikasema inashika. Hayo ndiyo maneno yetu ya mwisho, Muzee. Gundi. Mimi mwenye mudomo wa kuuza hata mvua.

Nilibeba jeneza, upande wa kichwa.

Sasa ile habari.

Miezi mine baada ya kukuzika, mwanamuke anakuja ku kiti chetu. Muzungu, nywele fupi, muuguzi, anakaa mutaa wa Himbi. Soli ya kiatu chake imefunguka mudomo. Anasema mawe yenu yanakula viatu sawa na ya kwetu. Kiswahili chake kinachechemea, Kifaransa changu pia, tukachechemea pamoja. Nikamuuliza bila hata kumuangalia: kwenu wapi?

"Toledo."

Nyundo ilinipiga kidole. Kile cha kazi.

Ningeweza kumuuliza pale pale. Neno moja tu: muto uko upande gani? Niliogopa. Akisema upande mumoja, basi nilimupenda muongo miaka mbili. Akisema kingine, basi… unaelewa. Nikapiga gundi, nikafunga soli na kamba ikauke, na mudomo wangu ukaenda peke yake: "Mama, kesho Jumamosi uje kuchukua viatu. Nitakutembeza Toledo." Alicheka mupaka akashika meza. Jina lake Marisa. Alikuja.

Muzee, nilimutembeza! Kofia mukononi, mugongo wima kama wewe. Ku tai wa vichwa viwili aliangalia kamba ya nguo na hakucheka. Alisema: "Ndiyo. Yuko pale." Ku Zokodovea alikunja mikono. Ku nondo za Mama Furaha, nilipofika ku masera na kisanduku chenye kinazunguka, alishika ile nondo na kuniuliza ni nani aliniambia. Nikasema ni fundi viatu. Mama Furaha akatoa mandazi mbili bila kuonyesha uso, siku zote amekuwa anajua sehemu yake vizuri, na yule mwanamuke akazishika kwa mikono miwili. Majani ya mukaratusi nilimutupia. Kengele nilimuambia imepasuka. "Imepasuka," alisema.

Tukafika ku kuta za kanisa. Nikavuta pumzi. Nikageuka nikasema, kama wewe: "Na hapa tunashuka mupaka ku muto."

Akauliza: "Kwa njia gani?"

Nikajua saa imefika. Nikamueleza yote, na hasira, kama yeye ndiye alikosa: kwamba Muzee wangu alikuwa anashuka kila upande na kila upande anakuta maji, na watu walimucheka. Sikusema nani aliwachekesha.

Aliomba uzi. Mimi siku zote niko nao mufukoni, ule mweusi wa nta. Alichuchumaa, akaokota jiwe la ngumi, akaliweka mu vumbi. "Muji uko juu ya kilima," alisema. Akachukua uzi akauzungusha: ukatoka upande huu, ukapita chini, ukarudi upande ule. Kama kwato ya farasi. "Muto ni huu. Mumoja tu. Kila kichochoro ukishuka, unafika ku maji. Isipokuwa huku." Akaweka kidole pale uzi haukufika. "Huku ni nchi kavu. Huku ndiko uko mulango wa tai."

Nikakaa chini. Na suruali ya Jumapili.

Akaniambia kitu kingine, nakiandika kama alivyosema: "Mutu wa kitabu angekuambia mashariki na magharibi. Mutu mwenye miguu yake imechoka anasema tu tunashuka. Huyo Muzee alitembea kwetu."

Muzee. Muto mumoja, pande tatu. Ulikuwa unaweza kuniambia! Jiwe na uzi, dakika moja. Uzi ulikuwa unaushika siku nzima. Nimejiuliza sana kwa nini haukuonyesha. Nafikiri ulinyamaza sababu mutu mwenye alikuwa anataka ushuhuda alikuwa mimi. Wengine sawa, lakini mimi, mwenye nilivaa shati la kuazima… Ama ulichoka tu. Siwezi tena kukuuliza.

Juzi benchi ilijaa tena. Nikasimama, nikaweka jiwe na uzi juu ya meza ya kazi, nikawaonyesha. Nikasema Muzee Paluku alifika Toledo, aliishi Toledo, na muongo wa ile siku alikuwa mimi. Nilingoja wanyamaze kwa heshima. Jado akasema: "Kumbe! Basi kuanzia leo Profesa Muongo." Wakacheka mupaka shemeji ya Mama Furaha akamwaga chai. Sasa ndivyo wananiita. Wananiuliza: "Muongo, muto uko upande gani leo?" Nawajibu kila mara: pande tatu. Jina linanifinya, lakini naona linanikaa vizuri.

Marisa ameahidi siku akirudi kwao atapanda munara, asikilize ile kengele kwa niaba yako. Viatu vyake havijafunguka tena. Nilikuambia nashona kukupita.

Jumapili nilipanda ku makaburi. Nilibeba mawe meusi, moja moja, mupaka mugongo ukaniuma. Nimekuzungushia pande tatu, nimeyapanga vizuri, moja limeshika jingine, hakuna gundi. Upande wa volkano nimeuacha wazi.

Nakuahidi hivi: Jumapili baada ya misa nitakuwa pale kati ya duka la dawa na kibanda cha simu. Mutu akitaka, nitamutembeza. Asipotaka mutu, nitaenda peke yangu, na nikitoka ku kanisa nitashuka kila wiki kwa njia nyingine, nikimaliza zote nianze tena.

Lala, Muzee. Ukichoka kulala, mulango uko upande wa mulima, tai yuko juu, kofia mukononi. Kwingine kote ukishuka utafika ku maji.

Wako,
Bahati, Profesa Muongo