Masale ya Babu Yatarudi Mpakani

Mboghoni, Taveta

Mdogo wangu Wakesho,

Baba anahama! Namchukua mimi, nimekata shauri, na Baba Mdogo Mwandoe nitamtoa jasho mbele ya watu kabla hatujafunga mlango.

Sasa nikusalimu. Hujambo wewe na kifua chako? Sisi wazima. Ndizi zangu mwaka huu hata wenye mashamba ya juu ya mfereji wanakuja kuzitazama. Sijisifu, nakuambia tu.

Barua yako nimeisoma mara tatu. Baba kuwasha moto ndani ya ghala, kisha kukuuliza wewe ni mke wa nani! Nililia, mdogo wangu. Anakaa kwenye nyumba aliyoijenga mwenyewe, anauliza njia ya kwenda kwake. Umemtunza peke yako, umechoka.

Lakini machozi yalikauka nilipofika pale ulipoandika habari za Mwandoe. Ati alimshika Baba mkono, akamtembeza mpaka kwenye migomba yetu, akawaambia wazee, "Kaka mwenyewe amesema mpaka ni hapa." Mtu asiyejua leo ni siku gani! Halafu akang'oa masale, ile mimea ya mpaka aliyopanda babu, akapanda yake machanga.

Mjinga yule. Mzee mzima wa huko kwenu Chawia hajui masale ukiyatupa yanachipuka? Umesema aliyatupa korongoni nyuma ya zizi lake, nayo yamesimama na majani. Usiyaguse! Usimwambie mtu, hata mchungaji. Wazee watayaona wenyewe, mashina manene kama mkono wangu, na mkono wangu unaujua. Kisha atayabeba mgongoni, moja moja, ayarudishe mpakani, wakwe zake wakitazama. Akiniambia, "Mghoi mwanangu, nisamehe," nitamjibu, "Chimba kwanza, baba."

Mwanangu Mwakio atakuja na lori analoendesha. Litajaza njia yote! Baba atakaa mbele kama disii, mkuu wa wilaya. Akiuliza anapelekwa wapi, sema kwa bintiye. Akisema hana binti, usibishane naye, mpe uji. Shamba utalilima wewe, mpaka kwenye masale ya babu.

Nisalimie shangazi yetu msuka vikapu, na mzee wa kijiji. Yeye aje na wenzake wote waliosikia uongo ule. Mwandoe mwambie, pamoja na wakwe zake, ni kumuaga Baba tu. Jembe tutampa sisi.

Ni mimi dadako mkubwa, mama wa dereva,
Mghoi

Wote wawe kwa Baba Jumamosi ya mwisho kabla ya Krismasi, saa tatu asubuhi.