Orodha ya Maombi Iliyoachwa Wazi

Mama mpendwa,

Salamu nyingi kutoka Kayole. Mimi ni mzima, ila usingizi umenipungua. Kifua chako kinaendeleaje na baridi hii? Nakuandikia kwa sababu chumba chetu ni kimoja, na kwa simu Mama Mdogo angesikia kila neno.

Mama, nimekosa. Mwalimu wa kompyuta alituonyesha kwamba ukitafuta mtandaoni kwa ujanja, ukataja tovuti na aina ya faili unayotaka, unaletewa hata vitu ambavyo wenyewe walisahau kufunga. Tuliona kamera ya duka isiyo na nywila, mwenye duka anakula chapati hana habari. Darasa likacheka. Mimi nikaenda kujaribu na tovuti ya kanisa letu.

Ikaja orodha ya maombi, yale tunayojaza kwa siri ili wazee wa kanisa watuombee. Majina, namba za simu, shida ya kila mtu. Ningefunga hapo. Nikashuka mpaka jina la Mama Mdogo, nikasoma.

Siku tatu sikuweza kumtazama usoni. Nikinyamaza, jirani yeyote ataweza kusoma. Nikisema, nitaitwa mwizi. Jumamosi, tukichambua mboga za sukuma, nikamwambia.

"Na yangu umesoma?"

"Nimesoma, Mama Mdogo."

Alisukuma sufuria ya mboga kando. "Vaa viatu."

Tulipofika ofisini na kumweleza, karani wa kanisa alinigeukia mimi. "We msichana, nani alikutuma kuchungulia?"

"Mlango mmeuacha wazi nyinyi, halafu unamfokea aliyekuja kuwaambia?" Mama Mdogo akamjibu. "Toa hiyo kitu kwanza. Hasira utaipata baadaye."

Karani akaitoa mtandaoni tukiona. Lakini ilikaa hapo tangu mwaka jana, na hajui nani mwingine aliisoma. Sasa kila anayemsalimia Mama Mdogo kanisani namchunguza macho, nikijiuliza kama anajua.

Nisalimie Baba, na Nyanya, na kitinda mimba wetu, umwambie vitabu vyangu asivichore.

Mama, ulinifunza nisikufiche kitu. Hili nitakuficha. Alichoandika dada yako ni chake, na kwangu hakitatoka. Ila mkimaliza kuvuna, njoo umwone. Usingoje Krismasi.

Ni mimi bintiyo,
Nafula