Mti wa Alama Tatu Nilioukuta Naiagara

Ontario, Kanada
Juni 1999

Mama yangu mpenzi,

Pokea salamu nyingi za mwanao Buya, na unapozipokea uwe umekaa vizuri na mgongo umeuegemeza, maana barua hii ni ndefu. Mguu unaendeleaje? Ulisema umevimba tangu masika. Usiende shamba na mguu huo. Najua utaenda tu, lakini mimi nimeshasema. Watoto wa ndugu yangu Komora wanakwenda shule? Na mpunga wa safari hii mmeuonaje? Mimi huku ni mzima, nakula, nafanya kazi, na yale mafua yaliyonisumbua wakati wa theluji yameniacha tangu jua lirudi.

Barua yako imenifikia wiki tatu sasa. Mwandiko wa Shemeji Naomi niliutambua kabla sijafungua bahasha. Wewe unasema, yeye anaandika, na mimi nikijibu ni yeye anayekusomea, ndivyo tulivyozoea. Kwa hiyo nilipofika pale uliposema kwamba wazee wa ukoo wamekaa, wakaamua Naomi arudi kwao Ndera baada ya mavuno na watoto wabaki na wewe, kwa sababu cherehani yake ndiyo iliyompeleka mumewe Komora majini, niliiweka barua mezani nikaiangalia tu. Maneno hayo aliyaandika kwa mkono wake mwenyewe, na hakuna mstari uliopinda. Mwisho ukaniuliza mimi, mwanao mkubwa, nasema nini, maana wazee wanangoja neno langu.

Neno langu limechelewa wiki tatu kwa sababu ya mambo yaliyonipata, nami nataka nikueleze yote. Tafadhali usimkatize msomaji njiani hata ukikasirika. Na wewe Shemeji, soma kila kitu, usiruke.

Pale ninapofanya kazi, kwenye zile nyumba za vioo wanazolimia nyanya, bosi alitupa siku moja ya mapumziko akatukodia basi twende tukaone maporomoko ya Naiagara. Si mbali na hapa. Nilikaa na Mzee Desimondi, yule Mjamaika niliyekueleza, anayechuma nyanya huku akizisema kama watoto wake. Watu wanatoka dunia nzima kuja kuyaona maji hayo, Mama, na mimi miaka minne nimekaa jirani nayo sijakwenda. Nilikuwa nikisema mtu wa Mto Tana ataonyeshwa maji gani tena. Unajua nilivyo mjuaji.

Tulipofika hatukupelekwa kwenye maji. Tulipelekwa kwanza kwenye jumba la sinema. Msichana aliyetuongoza alisema tuone picha kwanza, halafu tukienda kwenye maji yenyewe tutayaelewa. Nikamwambia Desimondi kwamba kwetu mtu hulazimika kuyaelewa maji yakiwa yameshaingia jikoni. Akacheka mpaka akakohoa.

Mama, nisikudanganye, ile si sinema kama zile za gari la serikali zilizokuwa zikija Garsen, za shuka jeupe kwenye miti miwili. Ukuta mzima ni picha, juu, chini, kulia na kushoto, mpaka huoni mwisho wake. Kichwa cha mtu ni kikubwa kuliko nyumba yetu. Viti vimepangwa kwa mwinuko kiasi kwamba unajiona uko juu ya genge, na taa zikizimwa unashikilia kiti. Maji yakaanza kuja. Yalikuja kimya kwanza, bila sauti yoyote, kahawia, na mimi nikanyanyua miguu yangu kutoka sakafuni. Desimondi aliniona.

Hadithi ilikuwa ya mvushaji wa zamani, aliyekuwa akivusha watu kwa mashua juu kidogo ya mahali maji yanapoporomoka. Asubuhi moja anatoka nyumbani kwake, anashuka hadi ukingoni, anachuchumaa. Anamgeuzia mgongo mtazamaji. Na mbele yake, ndani ya maji, kumechomekwa mti.

Ulikuwa mti wa baba. Ule wa mkoko aliouleta kutoka Kipini, akauchoma alama tatu kwa chuma cha moto, akauchomeka ukingoni ili atusomee mto. Maji yakifika alama ya kwanza, shukuru Mungu, mpunga utakunywa. Yakifika ya pili, pandisha mbegu darini. Yakifika ya tatu, toa watu. Mama, niliziona alama zote tatu, nyeusi, kila moja ndefu kama mtu aliyelala, na ile ya katikati imepinda kidogo kwa sababu baba aliungua kidole, mkono ukamteleza. Maji yalikuwa yameipita ya pili. Yalikuwa yakipanda polepole kwenda kwa ya tatu, na yule mtu amechuchumaa tu anangoja, na shingo yake ilikuwa na lile kovu la jipu.

Nikasimama nikapiga kelele kwa Kipokomo. Nilimwambia atoke, nikamtaja kwa jina lake, Komora, mara mbili. Na yeye akageuza kichwa. Hakugeuka kabisa, aligeuka kiasi cha mtu aliyesikia anaitwa na hataki kuacha kazi yake. Niliona shavu na sikio. Halafu picha ikabadilika, mashua ikawa katikati ya mto na kasia limevunjika, na mtu aliyekuwa ndani alikuwa Mzungu mwenye ndevu ambaye sijawahi kumwona. Watu wa mbele walikuwa wamenigeukia mimi. Desimondi alinivuta shati nikaketi, akanishika mkono mpaka taa zikawashwa.

Tulipotoka nilimuuliza ule mti wa alama aliuonaje. Akasema mti gani. Akasema mvushaji alitoka nyumbani, akapanda mashua, basi. Nilirudi Jumamosi iliyofuata peke yangu nikaitazama tena, nikiwa nimekaa kiti kilekile. Hamna mti. Hamna mtu anayechuchumaa.

Lakini siku ile ya kwanza nilikuwa sijajua hayo, nikafuata wenzangu kwenye maji. Walitupa makoti ya plastiki kwa sababu ya ule moshi wa maji unaopanda juu ukarudi kama manyunyu. Mama, ni mto mzima unaofika mahali ardhi imekwisha. Mngurumo wake unauhisi kifuani kabla ya masikioni, na vile vyuma vya ukingo ukivishika vinatetemeka. Wenzangu walikuwa wakipiga picha. Mimi nilisimama kando yao, nimeshika chuma, nikijiambia kwamba usingizi umenipungua wiki hii na hiyo ndiyo sababu ya yote.

Ukisimama hapo muda, ule mngurumo unauzoea, halafu chini yake unasikia sauti nyingine, ya kuvuma. Niliijua. Ni mvumo wa simu ya ng'ambo. Unakumbuka mwaka ule wa mvua za El Nino, kila Jumapili mchana nilikuwa nikipiga simu kwenye lile duka la Garsen, na Komora anakuja kwa mtumbwi kuipokea? Laini ilikuwa inavuma hivyo. Na ukisema neno lilikuwa linakurudia sikioni baada ya muda kidogo, sauti yako mwenyewe, imekwenda mpaka Garsen ikarudi. Basi pale ukingoni, watu wamejaa na jua linawaka, nilisikia sauti yangu inarudi. Ilisema, "Rudi ukakae." Kisha kikafuata kile kimya kifupi ambacho baada yake Komora alikuwa akijibu. Nilingoja. Nilingoja mpaka Desimondi akaja kuniambia basi linaondoka, na hakuna aliyejibu.

Sasa Mama nakuomba ushike moyo.

Jumapili ya mwisho kabla laini haijakatika, Komora alipokea simu. Aliniambia amekwisha kukutoa wewe, Naomi na watoto, mko pale mwinukoni penye misheni ya Ngao. Aliniambia maji yamepita alama ya pili kwa mchana mmoja, jambo ambalo hajaliona maishani, na rangi yake haipendi. Alisema anataka aiache nyumba, apige kasia moja kwa moja hadi kwenu, akae na nyinyi. Alikuwa ameshaamua, Mama. Alikuwa ananiarifu tu.

Mimi nilikuwa nimekaa kitini, nimevaa soksi, nina kikombe cha chai mkononi. Nikamwambia baba alisema alama ya tatu. Nikamwambia nyumba ya baba haijawahi kuwa ya kwanza kukimbia na haitaanza leo, watu watatucheka, na mtu mmoja lazima abaki kuangalia mti. Akasema mto huu si ule wa baba. Nikakasirika, nikasema, "Mimi ndiye mkubwa. Rudi ukakae." Na yeye akasema, "Haya, kaka." Ndiyo maneno yake ya mwisho niliyoyasikia, hayo mawili.

Kutoka Garsen alipitia kwenu mwinukoni, na hapo ndipo Naomi alipomwambia akifika nyumbani aangalie kama cherehani imelowa. Watu walisikia. Neno hilo tu ndilo walilolisikia, wakalibeba, wakalifanya kuwa sababu. Lakini alikuwa anarudi nyumbani tayari. Angerudi hata kama Naomi hana cherehani, hana hata sindano. Alikuwa amerudishwa na mimi.

Habari za kupotea kwake ziliponifikia, zilinifikia pamoja na habari za cherehani. Nikaona nafasi ya kujificha, nikajificha. Kila barua uliyoniandikia kumlaumu Naomi niliijibu kwa kuuliza habari za mpunga na bei ya maembe. Mwaka mmoja na nusu. Nimekuwa nikijiambia siandiki jambo hili kwa sababu nitakuua kwa uchungu, Mama, lakini ukweli ni kwamba niliogopa. Nimeona aibu mpaka nikaona mambo yasiyokuwepo.

Kwa hiyo wazee wakikutana, neno langu ni hili. Barua hii isomwe mbele yao yote, tangu salamu. Naomi akiweza aisome yeye, akiona uzito aisome mwalimu wa nasari. Waambie hakuna wa kurudishwa Ndera. Akitaka kukaa, pale ni kwake na kwa watoto wake, na asiulizwe tena. Akitaka kuondoka, anaondoka na watoto wake na cherehani yake, na wakamsindikize wazee walewale waliomhukumu. Kama kuna faini ya kulipwa kwa uongo huu, wanitoze mimi. Na matanga ya Komora yakaliwe sasa, Mama. Umekataa kwa kuwa hatujamwona, na mimi nilifurahi ukikataa, kwa sababu matanga yakikaliwa watu huulizana mtu alikufaje. Kaeni matanga. Wakiuliza, semeni.

Shemeji Naomi, najua umesoma mpaka hapa kwa sauti, mbele ya Mama. Pumzika, unywe maji. Ulikuwa unajua kwamba neno lako lile halikuwa kitu, na kila siku umepika kwa watu waliosema lilikuwa kitu, na barua ya kukufukuza ukaiandika kwa mwandiko mzuri. Sikuombi unisamehe leo. Nimekukosea vibaya sana, na nilijua nakukosea.

Tiketi ya ndege nimeshakata, ya mwezi wa Agosti. Nakuja kukaa mbele yako na mbele ya wazee, mnitazame usoni mkiniuliza. Ukiwa hutaki kuniona, Mama, nitafikia kwa mjomba, nitangoja hapo mpaka utake.

Nisalimie mjomba wangu mchonga mitumbwi, umwambie bado nina alama ya tezo yake kwenye kidole. Nisalimie shangazi wa Kipini ukipata mtu wa kumpelekea salamu. Nisalimie yule mzee wa Kiorma aliyewapeni maziwa siku zile za mwinukoni, ingawa ng'ombe wake wengi walikuwa wameshachukuliwa na maji. Nisalimie mwenye duka wa Garsen. Wabusu watoto.

Kila barua tangu mafuriko nimekuwa nikimaliza kwa kumsalimia Komora, nikiandika "na ndugu yangu akirudi," na wewe ulipenda niandike hivyo. Leo simsalimii. Alishasema anataka kuja kwenu, Mama. Mimi ndiye niliyemkataza.

Mwanao,
Buya