Kikombe Namba Ishirini na Tatu
Kumbukumbu ya Marhum Sleiman bin Nasr, Mawaleh, Muscat

Mwaka umetimia, Baba, tangu Ijumaa ile ya tarehe 10 Juni 2005, uliporudi kutoka msikitini, ukakaa kitini pako na usiinuke tena.

Ulizaliwa Unguja. Ulikwenda Moscow ukiwa kijana ukitaka kusomea injini za roketi, lakini mgeni hakuruhusiwa kufika huko, ukapewa pampu. Ukazisoma pampu. Mwaka 1974 ukaja Muscat, na kwa miaka thelathini ukahudumia pampu za maji, kutoka Seeb mpaka Qurayyat. Ulikuwa ukiweka ncha ya bisibisi juu ya pampu na mpini wake sikioni, ukafumba macho, kisha ukasema mahali penye ubovu. Mara chache ulikosea.

Injini za roketi hukuziacha. Ulitufundisha kwamba ndani yake mna matangi mawili, moja la mafuta ya taa, moja la oksijeni iliyopozwa mpaka ikawa kama maji, na kwamba pampu ndiyo inayoyasukuma yote mawili kwenda kuungua. "Moto kila mtu anauona," ulikuwa ukisema. "Pampu nani anaiona?" Roketi iliporushwa kwenye televisheni, sisi tulipiga makofi ilipoondoka chini. Wewe ulinyoosha kidole. "Bado." Ulipiga makofi injini ilipozimika kwa wakati wake, na kufikia hapo sisi wengine tulikuwa tumeshakwenda kula.

Aliyebaki nawe ni Balqees, binti yako. Mwaka wake wa mwisho chuoni alichagua kutengeneza sahani ya shaba yenye matundu, kama ile inayonyunyiza mafuta na oksijeni ndani ya injini. Moto hakuruhusiwa kuuwasha, kwa hiyo aliijaribu kwa maji, hapa uani. Alitaka kujua kama maji yanagawanyika sawa. Upande mmoja ukipata mafuta machache, ulimweleza, oksijeni inazidi pale na ukuta wa injini unayeyuka.

Wewe ndiye uliyefikiria vikombe. Ulivitoa kabatini vikombe vyote thelathini na sita vya kahawa vya Mama, ukaviandika namba chini kwa wino, ukavipanga safu sita chini ya sahani. Alasiri hiyohiyo jirani yetu Mahfoudh akaja na mkewe.

"Sleiman! Vikombe vyangu vya wageni vi wapi?" Mama aliita kutoka jikoni.

"Viko kazini."

"Kazi gani ya kikombe?"

"Vinapima, Mastura. Usiviguse, nnakwomba."

Mahfoudh alichungulia uani akacheka mpaka akashika mlango. "Bwana Sleiman, wenzio warusha roketi, wewe wanywesha vikombe!" Akanywea kahawa kwenye bilauri kubwa ya chai. Alipotosheka akaitikisa, kama kila mtu hapa anavyotikisa kikombe cha kahawa kuonyesha kwamba basi, na kahawa yote iliyobaki ikamwagikia kanzu yake.

Vikombe thelathini na tano vilijaa sawa. Namba ishirini na tatu kilipungua, kila mara. Balqees alirudia mara tisa. Ukamwambia asiguse chochote mpaka ajue sababu. Zilikuwa zimebaki siku mbili kabla ya kuwasilisha kazi yake, na wewe ulikuwa umeitwa Qurayyat. Akachukua keekee akalipanua tundu. Maji yakaenda kombo. Kikombe cha ishirini na mbili na cha ishirini na nne vikafurika, na sahani ikaharibika. Ya pili haikuwezekana kwa muda ule.

Ulirudi ukamkuta amekaa sakafuni. Uliigeuza sahani, ukapitisha ukucha kwenye matundu ya upande wa nyuma, ukafika kwenye jingine lililokuwa bado na mabaki ya shaba ukingoni, madogo kuliko chembe ya chumvi.

"Lile lako lilikuwa hivi," ulisema. "Lilitaka kusuguliwa tu."

"Sasa nifanye nini, Baba?"

"Andika."

"Niandike kwamba nimeiharibu?"

"Andika ulivyoiharibu. Atakayekuja nyuma yako asiiharibu vilevile."

Akaandika ukurasa mzima. Chuoni wakampa alama za kawaida. Wewe uliusoma ukurasa ule mara mbili, ukaukunja ukautia mfukoni mwa kanzu. Siku kumi na moja baadaye, Ijumaa ile, tuliukuta humo.

Mwezi wa Aprili mwaka huu, Baba, Balqees alikubaliwa kwenda Ujerumani kusomea injini za roketi, hizo za mafuta ya taa na oksijeni. Mwalimu wa huko, aliyepelekewa kazi yake, alimwuliza mambo ya ukurasa ule tu. Jibu lilitakiwa kabla ya Juni kwisha. Ami Khalil, nduguyo, alisema kuna nafasi wizarani, Al Khuwair, karibu na nyumbani. Mama alisema, "Acheni mwaka wa baba yenu utimie," na Balqees hakumsukuma. Barua ilikaa juu ya televisheni wiki saba.

Juzi Mama alivishusha vikombe ili avioshe kwa ajili ya hitima yako. Namba zako hazitoki, na nadhani hajawahi kuzisugua kwa nguvu. Akavipindua kimoja kimoja mpaka akakipata cha ishirini na tatu. Akakimiminia kahawa, akanywa peke yake, akakiosha, akakizongea kitambaa. Kisha akamwendea Balqees chumbani akamtilia mkobani.

"Hiki wageni wasipewe," alisema. "Na barua yao ijibu leo, watu wasingoje."

Kabatini vimebaki thelathini na tano, Baba. Leo wageni wa hitima yako wamevinywea kahawa.

Tunaokukumbuka ni mkeo Mastura, wanao Balqees na mimi Aflah niandikaye, nduguyo Khalil na jirani yako Mahfoudh, pamoja na jamaa wote wa Muscat na Unguja. Mwenyezi Mungu akurehemu na akupe makazi mema. Hatujakusahau, wala hatutakusahau siku zote za maisha yetu.