Picha za matanga ya Kazimia

Jumanne, mjini Baraka

Nimezifuta picha, na mpaka sasa siwezi kutulia.

Asubuhi mimi na wenzangu wa kituo cha habari tulikuwa Kazimia, kwenye matanga ya mvuvi aliyeuawa na majambazi. Nilianza kupiga picha nikiwa nimesimama, kabla ya kuketi mkekani na wafiwa. Mama mmoja muuza samaki akanikaripia.

"We baba, kwenu bantu habakufaka? Ikala kwanza!"

Nikaketi kwa aibu, kama mtu ambaye kwao watu hawafi. Nikisahau adabu, marehemu mke wangu Estera ndiye aliyekuwa akinivuta shati, taratibu, watu wasione.

Baadaye yule mama akaninong'oneza: "Benye kumuua nilibaona. Lakini usionyeshe sura yangu, banapitaka hapa kila siku." Nikamwahidi, nikaandika maneno yake tu.

Lakini sura yake ilikuwa tayari ndani ya kamera, katika zile picha za kwanza. Jioni ofisini nilipomsimulia chefu wangu, mkuu wa kituo, akaitafuta na kuikuta.

"Shahidi ni huyu! Atapita kwenye habari ya kesho."

"Mukubwa, nilimuahidi."

"Uliahidi na kamera ya nani?"

Wenzangu wakacheka. Chefu alipotoka kupokea simu, nikafuta kila kitu. Aliporudi nilimwambia mwenyewe. Hakupiga kelele. Alinyoosha tu mkono nimpe kamera.

Naogopa. Sijui kazi nyingine, na nyumba hii bila Estera, nikishinda humo mchana kutwa...

Lakini kesho yule mama atapanga samaki wake, wale watu watapita, na watakayemwona ni muuza samaki tu.