Ukuta wa Nyuma wa Baraza

Mjukuu wangu Saida,

Salamu zako kutoka Mwanza zimefika. Huku Salale tu wazima, ila babu yako bado anagombana na magoti yake.

Umeniuliza baraza la zamani lilikuwa wapi, maana ulipokuja ulionyeshwa maji matupu. Ni hapo hapo kwenye maji, mama. Mto uliula ukingo mpaka ukalimeza.

Zama za Waingereza, Liwali alikuwa akija na mashua kuamua kesi humo. Wanaume walisimamisha boriti za mikoko, wanawake wakakandika udongo; mimi kigoli niliukanyaga kwa miguu. Lakini kuingia, wanawake tulikatazwa. Basi mama yangu akaacha tundu ukuta wa nyuma, tupate kusikia. Akiulizwa, hujibu, "Udongo umekwisha." Umekwisha, nasi tunaishi topeni!

Siku moja shemeji wa shangazi yangu mjane alidai shamba la mpunga la marehemu kaka yake. Tukamsikia akiapa kuwa kalilima yeye. Mama hakuvumilia. Akapenyeza mkono tunduni hadi begani, akapaza sauti: "Muongo! Tumelima sisi."

Baraza zima likageukia ukutani. Liwali akauliza mkono ule ni wa nani.

"Wa mwenye jembe."

"Basi zunguka, upite mlangoni."

Shangazi akabaki na shamba lake.

Siku hizi nikipita hapo na mtumbwi, sililii paa wala boriti. Nayatazama maji, nikiungoja ule mkono utokeze.

Bibi yako,
Somoe